Lugha na Ushahidi Katika Ufundishaji wa Historia ya Mahali: Mifano ya Mata, Taveta na Voi

Makala haya yanahusu ufundishaji wa historia ya mahali na ya miji katika shule za sekondari, nayo yameandikwa na mwalimu wa lugha, si mwanahistoria. Sababu ya kuthubutu kuingia katika shamba la wengine ni moja. Husemwa mara kwa mara kwamba historia ya mahali haifundishiki kwa sababu hakuna vitabu. Nionavyo mimi, upungufu wa vitabu ni kikwazo cha pili. Cha kwanza ni lugha: ushahidi wa historia hiyo umehifadhiwa katika lugha moja, unasimuliwa katika lugha ya pili, na mwanafunzi anatakiwa auandike katika lugha ya tatu. Jambo hili linatuhusu sisi wa idara za lugha kuliko tulivyozoea kukubali.

Tuanze na hali ilivyo. Mwanafunzi wa Kidato cha Pili aliyesoma Historia na Serikali kwa muhtasari wa mfumo wa 8-4-4 alifundishwa kukua kwa miji. Alifundishwa Kairo, Meroe na Kilwa. Akavushwa bahari aione Athens na London. Kisha akarudishwa Afrika kutazama Johannesburg na Nairobi. Hakuna ubaya katika orodha hiyo. Lakini mwanafunzi wa Mata, upande ule wa Taveta ulio karibu na Ziwa Jipe, aliweza kueleza kwa nini Meroe ilianguka na asiweze kueleza kwa nini Voi ilisimama, ingawa Voi ndiko anakoshukia garini kila aendapo Mombasa. Wala hakuweza kueleza jambo lililo karibu zaidi, kwamba Taveta ilikuwa mahali pa kukutania wafanyabiashara wa masafa marefu kabla Voi haijawa na kituo cha gari moshi. Mtaala wa Umilisi, ulioanza kujaribiwa mwaka 2017, umefungua mlango kwa miradi ya wanafunzi katika jamii zao. Mlango ukifunguliwa, mtu huuliza ataingia na nini mkononi.

Nilipokuwa nikisomea shahada ya pili ng'ambo niliwahi kuona mwalimu akiwaongoza watoto wa mji mdogo kusoma maandishi ya makaburi ya kanisa lao na kuyalinganisha na daftari la ubatizo. Nchini Uingereza kazi ya namna hiyo imekuwa na heshima kubwa tangu W. G. Hoskins alipochapisha mwaka 1955 kitabu chake juu ya kuundwa kwa sura ya nchi ya Waingereza. Nilivutiwa, ila sikuona haraka jambo lililofanya kazi ile iwe nyepesi. Kaburi, daftari, mwalimu, mtoto na mtihani, vyote vilisema lugha moja. Hapa kwetu sivyo. Anayeiga mbinu ile bila kulitazama tatizo hili atawatuma wanafunzi kwa wazee, nao watarudi na kurasa tano za Kiingereza cha shule ambamo hakuna hata sauti moja ya mzee.

Ushahidi unapovuka lugha

Katika likizo mbili nilikaa na kundi la wanafunzi wa shule moja ya sekondari ya Mata, kwa ruhusa ya walimu wao, tukajaribu kuandika historia ya mahali walipokaa. Wengi wao husema Kiswahili nyumbani na uwanjani; baadhi husema Kitaveta, wengine Kidawida, Kikamba, Chasu au lugha nyingine, kwa kuwa mashamba ya mkonge, uvuvi na kilimo cha umwagiliaji vimewaleta watu wa asili nyingi upande huo. Wazee waliohojiwa walianza kwa Kiswahili wakamalizia kwa Kitaveta palipowapendeza. Wanafunzi waliandika kwa Kiingereza, kwa sababu ndivyo somo la historia linavyoandikwa.

Nikasoma madaftari yao. Kilichokuwa kimepotea hakikuwa maneno magumu. Tuchukue neno boma. Katika Kiswahili boma ni ua, ni ngome, ni zizi; katika enzi ya ukoloni likawa pia makao ya mkuu wa wilaya, kwa kuwa mkuu huyo alianza kwa kujizungushia ua. Huko Taveta ipo hata leo kata inayoitwa Bomani. Mzee akisema watu walipelekwa bomani, na mwanafunzi akaandika kwamba walipelekwa katika ofisi ya serikali, tafsiri si ya makosa. Lakini ua umekwisha kuondolewa, na pamoja na ua imeondolewa habari ya nani aliyekuwa ndani na nani aliyekuwa nje.

Upotevu mkubwa zaidi ulikuwa katika viungo vidogo vya sentensi. Msimulizi wa Kiswahili hasemi habari zote kwa uzito mmoja. Husema "niliona", husema "nilisikia kwa baba", husema "inasemekana", husema "eti". Vitamkwa hivi ndivyo mizani ya ushahidi. Neno eti peke yake laweza kumwambia msikilizaji kwamba msimulizi anaipokea habari lakini haiamini. Katika madaftari ya Kiingereza vyote vilikuwa vimekuwa kitu kimoja: jambo lilitokea. Mwanafunzi aliyefundishwa kwamba sentensi nzuri ya historia ni ile isiyo na msemaji, alikuwa amefuta kwa bidii kile ambacho mwanahistoria angekitafuta kwanza.

Jan Vansina, katika kazi zake mbili mashuhuri juu ya mapokeo ya mdomo, ya mwaka 1961 na ya 1985, alisisitiza tofauti baina ya kumbukumbu ya mtu mwenyewe na mapokeo yaliyopita kizazi hadi kizazi. Tofauti hiyo si ya wataalamu tu. Mzee wa miaka 90 leo hakuiona vita iliyoanza mwaka 1914, alisimuliwa. Akisema "nilisikia" anajipanga mwenyewe, kwa uaminifu kabisa, mahali anapostahili. Kwa hiyo badiliko la kwanza tulilofanya lilikuwa dogo: kila mwanafunzi aandike maneno ya mzee kama yalivyosemwa, kwa lugha ile ile, pamoja na "eti" zake zote, na tafsiri ifuate chini. Kazi ikawa ndefu mara mbili. Walilalamika, nami sikuwalaumu.

Majina ya mahali

Baada ya hapo tuligeukia majina ya mahali, kwa sababu jina ni ushahidi ambao kila mwanafunzi anao bila kwenda mbali. Hapa ndipo mwalimu wa lugha ana la kusema, na hapa ndipo pia anapoweza kupotosha.

Nianze na kosa langu. Kiswahili cha zamani kina neno uta, ambalo wingi wake mmoja ni mata, yaani pinde. Kwa mwalimu aliyelelewa katika tenzi, jina Mata halina haja ya kuulizwa: ni mahali pa pinde, mahali pa mashujaa. Nilikuwa nimekwisha kuinua choki niandike hivyo ubaoni, msichana mmoja akauliza kama Wataveta walipoupa mji wao jina walikuwa wakisema Kiswahili. Swali hilo lilitupa kanuni tuliyoifuata siku zote zilizobaki: jina la mahali liulizwe kwanza katika lugha ya watu waliokuwapo lilipotolewa, ndipo liulizwe katika lugha nyingine. Kufanana kwa sauti si ushahidi. Lugha za Kibantu zimejaa silabi ma na ta.

Kanuni hiyo ilitufaa tulipofika kwenye kilima cha Salaita, mashariki ya Taveta, kando ya barabara iendayo Mwatate na Voi. Watu wengi, na hasa wale wanaowaongoza wageni, husimulia kwamba jina Salaita limetokana na neno la Kiingereza slaughter, yaani machinjo, kwa ajili ya mauaji ya siku ya tarehe 12 Februari 1916. Siku hiyo majeshi ya Waingereza, wengi wao wakiwa askari wapya kutoka Afrika ya Kusini, walikishambulia kilima wakarudishwa nyuma na askari wa Kijerumani, na waliowasitiri wakati wa kurudi walikuwa Wabaluchi wa jeshi la India. Hadithi ya jina inapendeza kwa sababu vita ilikuwa kweli, na makaburi ya askari wa vita ile yapo Taveta, Maktau na Voi kwa anayetaka kuyaona.

Tuliwapa wanafunzi mitihani miwili. Wa kwanza ni wa tarehe: je, jina lilitumika kabla ya mauaji? Lilitumika. Amri ya kukishambulia kilima ilikitaja kwa jina hilo, na amri haiwezi kuandikwa baada ya vita yake. Upande wa Wajerumani, Lettow-Vorbeck katika kumbukumbu zake hakukiita Salaita bali Oldorobo, jina lenye sura ya Kimaasai. Kwa hiyo kilima kilikuwa na majina zaidi ya moja kabla damu haijamwagika. Mtihani wa pili ni wa sauti. Neno la Kiingereza likiingia katika Kiswahili halibadiliki ovyo. Konsonanti s na l zikifuatana hutenganishwa, kwa kawaida kwa i: sileti, silesi. Irabu iliyomo katika slaughter kwetu huwa o: holi, choki, oda. Mwisho wa neno wa aina ile huwa a, kama katika dereva. Basi tungetazamia silota, au kwa kulegeza masharti, salota. Irabu mbili za ai zinazosikika katika Salaita zimetoka wapi? Mwenye hadithi hana jibu.

Sikuona somo la fonolojia lililosikilizwa kwa makini kuliko hilo. Wanafunzi walioniambia kwamba taratibu za maneno ya mkopo ni mada ya kukariri kwa ajili ya karatasi ya pili ya Kiswahili, walizitumia kukataa habari waliyoambiwa na mtu mzima. Haifai, hata hivyo, kumdharau aliyeisimulia. Hadithi ya machinjo si ushahidi wa asili ya jina, ila ni ushahidi mzuri wa jinsi watu wa Taveta walivyoikumbuka vita ya wageni iliyopiganwa mashambani mwao, na inafaa iandikwe daftarini chini ya kichwa hicho.

Jina Voi lina hadithi inayofanana na hiyo. Husimuliwa, na siku hizi hunakiliwa kwenye intaneti kutoka ukurasa hadi ukurasa, kwamba mji umepewa jina la mfanyabiashara ya watumwa aitwaye Kivoi, aliyekaa kando ya mto miaka 400 iliyopita. Kivoi anayejulikana katika maandishi ni Kivoi wa Mwendwa, mfanyabiashara mkuu wa Kitui, mwenyeji wa Ludwig Krapf mwaka 1849 Krapf alipouona Mlima Kenya kutoka Ukambani. Aliuawa mwaka 1851 safarini karibu na mto Tana. Baina yake na miaka 400 pana karne mbili na zaidi. Yawezekana palikuwa na Kivoi mwingine, majina hurudiwa. Lakini mwanafunzi anayeambiwa kwamba jambo ni la miaka 400 ana haki ya kuuliza nani aliihesabu, na kwa kipimo gani. Tena mto na mji vina jina moja, na kwa kawaida mto hutangulia kituo cha reli. Utafiti wa jina uanzie mtoni, na katika Kisaghala na Kidawida, lugha za watu wa vilima vinavyouzunguka.

Majina mengine si ya kugombania. Mbuyuni, magharibi ya Maktau, ni Kiswahili kitupu kilichokaa katika nchi isiyokuwa ya Waswahili, na hivyo hutuonyesha njia ya misafara. Kariakoo la Dar es Salaam na Kariokor la Nairobi yametokana na kikosi cha wapagazi wa vita ile ile ya Salaita, ambacho makumi ya maelfu ya watu wake walikufa, wengi zaidi kwa maradhi na njaa kuliko kwa risasi. Voi ina Birikani, na ina Kaloleni, jina ambalo lipo pia Kilifi, Nairobi na Arusha. Jina linalohama mji hadi mji lilichukuliwa na watu waliohama. Na Birikani humlazimisha mwanafunzi kuuliza birika gani, na nani aliyehitaji maji mengi hivyo katika nchi kavu. Gari moshi la makaa lilihitaji maji. Hilo ni dhana ya kwenda kupimwa, nami niliwaagiza walipime, si walinakili.

Mji kabla ya reli

Dhana ngumu kuliko zote kuing'oa ilikuwa kwamba mji huanza siku mzungu anapofika. Vitabu vya shule vimeipalilia, kwa kuwa huanza habari za Nairobi na kituo cha reli cha mwaka 1899. Kwa Voi dhana hiyo inakaribia ukweli. Reli kutoka Mombasa, iliyoanza kujengwa mwaka 1896, ilipita Voi kabla ya kufika Tsavo mwaka 1898; wafanyakazi wa reli wakakaa, maduka yakafuata, na mashamba ya mkonge yakaleta watu zaidi. Mwaka 1915 Waingereza walianza kujenga kutoka Voi reli ya kijeshi ya kuelekea Taveta, na mwaka 1916 ikaungana huko Kahe na reli ya Wajerumani iliyotoka Tanga kwenda Moshi. Kwa hiyo Voi ni mji wa makutano, na makutano yake yalichorwa na vita. Reli mpya ya mwaka 2017 nayo imeweka kituo chake Voi.

Taveta ni habari nyingine. Misafara ya pwani ilipumzika ndani ya msitu wa mto Lumi, ambamo Wataveta walikaa wakilindwa na miti minene dhidi ya uvamizi, wakilima na kuwauzia wasafiri chakula. Joseph Thomson alipumzika hapo mwaka 1883, H. H. Johnston akafika mwaka 1884, na Teleki na Höhnel mwaka 1887. Wote waliwakuta wafanyabiashara Waswahili wamekwisha kuzoea mahali. Misheni ya CMS ilipoanza kutoa gazeti lake la Taveta Chronicle mwaka 1895, reli haikuwa imeanza hata Mombasa. Wanafunzi wa Mata walipoziandika tarehe hizi kwa mstari mmoja ubaoni walinyamaza kidogo. Kisha mmoja akauliza kwa nini basi Voi ndiyo kubwa. Hilo ndilo swali la historia ya miji, na kwa maoni yangu lina faida kuliko orodha nzima ya sababu sita za kukua kwa London.

Majibu yao yalikuwa ya namna nyingi. Nililolipenda lilitaja mpaka. Mkataba wa Uingereza na Ujerumani wa mwaka 1886 ulipitisha mstari kando ya Ziwa Jipe, ukauvuka mto Lumi, ukaiacha Taveta upande mmoja na Uchaga upande mwingine. Mahali palipokuwa katikati ya njia pakawa ukingoni mwa koloni. Hapa tulilazimika kuusafisha uzushi mwingine, ule wa Malkia Victoria kumpa Kaisari Wilhelm mlima Kilimanjaro kuwa zawadi ya siku ya kuzaliwa. Wilhelm wa Pili alipata ufalme mwaka 1888, miaka miwili baada ya mkataba.

Mstari huo ulipita katikati ya ndugu wa lugha. Malcolm Guthrie alipozipanga lugha za Kibantu alikiweka Kitaveta katika kundi la G, namba 21, jirani na Chasu cha Wapare namba 22, na Kidawida na Kisaghala akaviweka katika kundi la E. Mgawanyo wa Guthrie ni wa kijiografia zaidi kuliko wa kinasaba, na yafaa mwanafunzi aambiwe hivyo. Hata hivyo ukaribu wa Kitaveta na Chasu umethibitishwa na waliomfuata. Maana yake ni kwamba anayetafuta historia ya Mata hana budi kutazama pia ng'ambo ya ziwa, ambako Isaria Kimambo alikusanya mapokeo ya Wapare kwa ajili ya kitabu chake cha mwaka 1969. Christopher Ehret na Derek Nurse nao walionyesha mwaka 1981 kwamba Kidawida na Kisaghala vimebeba maneno ya mkopo kutoka lugha za Kikushi cha Kusini ambazo hazisemwi tena katika vilima hivyo. Watu wametoweka au wamemezwa, na maneno yao yamebaki. Niliwaeleza wanafunzi jambo hili kwa ufupi tu, kwani ni rahisi kwa kijana wa miaka kumi na sita kuligeuza likawa mashindano ya nani alitangulia kufika.

Mambo yasiyosemwa

Mashindano hayo yanatuleta kwenye sababu nyingine ambayo kwayo walimu huikwepa historia ya mahali. Meroe haina mrithi anayeweza kuja shuleni kulalamika. Mata inao. Historia ya Taveta katika karne ya 20 haiwezi kuandikwa bila ardhi: mashamba makubwa ya mkonge, ya Ewart Grogan yakiwa mashuhuri kuliko yote, yalichukua nchi ya bondeni, na watu wa huko bado wanazungumza juu ya mipaka. Huko Kasigau, baada ya Wajerumani kukishambulia kituo mwaka 1915, Waingereza waliwashuku wenyeji kuwa waliwasaidia adui, wakawahamisha wakazi kwenda Malindi. Wengi walifia huko, na waliosalia hawakurejea vilimani kwao hadi miaka ya 1930. Mwaka 1940 Taita Hills Association, chama kilichotetea ardhi ya Wataita, kilipigwa marufuku pamoja na Kikuyu Central Association na chama cha Wakamba, na viongozi wakawekwa kizuizini.

Mwalimu mmoja aliniambia kwamba hayo ni siasa. Nilimjibu kwamba yamekwisha kuandikwa. Bill Bravman alichapisha mwaka 1998 historia ya jamii za Wataita ya miaka 1800 hadi 1950, na Ann Frontera alikuwa ameitangulia kwa historia ya Taveta ya mwaka 1978. Lakini jibu langu lilikuwa la mtu anayeondoka kesho yake. Yeye anabaki, na watoto wa pande zote mbili za mpaka wa shamba huketi katika darasa lake. Nadhani pana njia ya katikati, na ni ya kilugha. Wanafunzi wasianze kwa kuuliza ardhi ilikuwa ya nani. Waanze kwa kukusanya maneno: watu huitaje nchi iliyofyekwa, nchi iliyoachwa ipumzike, nchi ya ukoo, nchi ya kulimia kwa ruhusa ya mwingine? Lugha yenye maneno manne kwa jambo ambalo hati ya serikali inaliita kwa neno moja imekwisha kueleza ugomvi kabla mtu hajatajwa jina. Kazi hiyo tuliifanya kwa siku mbili, na hakuna mzazi aliyelalamika.

Kipimo cha miaka kilitatuliwa kwa njia iyo hiyo. Neno la Kitaveta irika ni ndugu wa rika letu, na kwa Wataveta marika yalikuwa kalenda: jambo lilitokea wakati wa rika fulani. Kwa Wataita, njaa zilikuwa na majina, na njaa ya Mwakisenge ya miaka ya 1880 bado hutajwa. Anayejua rika la babu yake na njaa iliyomkuta ana tarehe mbili za kufungia habari zake, hata kama mzee hakutaja mwaka hata mmoja.

Lugha ya kuandikia

Limebaki swali la lugha ya kuandikia. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 inakitaja Kiswahili kuwa lugha ya taifa na pia lugha rasmi, lakini historia katika sekondari zetu huandikwa kwa Kiingereza. Ng'ambo ya Ziwa Jipe, Tanzania imeanzisha mwaka 2024 somo la Historia ya Tanzania na Maadili katika sekondari, na vitabu vyake ni vya Kiswahili. Sisemi kwamba Kiswahili ni dawa. Mzee wa Mata anapotoka katika Kitaveta kuja Kiswahili amekwisha kuacha kitu njiani, nasi wa idara za Kiswahili tumekuwa na tabia ya kujifanya kwamba hakuachi. Lakini Kiswahili kina rika, kina boma, kina eti. Kiingereza cha darasani hakina. Kwa kazi ya kuhifadhi ushahidi kabla haujapambwa kwa ajili ya mtihani, sioni lugha nyingine inayoweza kuwaunganisha mzee, mwanafunzi na msomaji wa kaunti nyingine kwa hasara ndogo hivyo.

Walimu watarajiwa wanaopita katika idara zetu wakichukua Kiswahili na Historia pamoja ni wengi, nao hufundishwa masomo hayo mawili kana kwamba yamo katika vyuo viwili mbalimbali. Wangepewa kozi moja fupi ya kunukuu masimulizi, ya taratibu za sauti katika maneno ya mkopo na ya majina ya mahali, wangeifanya kazi hii bila kungoja kitabu kutoka Nairobi.

Pana na jambo dogo la tahajia, ambalo lilituchukulia asubuhi nzima. Ramani huandika Sagalla. Wenyewe husema Saghala, kwa sauti ya gh wanayoijua pia Waswahili wa pwani. Kidawida huandikwa na baadhi ya wenyewe Kidaw'ida, ile alama ikionyesha w inayotamkwa kwa midomo miwili. Vitabu vya zamani huandika Teita. Wanafunzi waliuliza waandike ipi. Tulikubaliana kwamba mnukuu aandike kama msemaji alivyotamka, na kama ramani inasema vingine, umbo la ramani liandikwe pembeni pamoja na mwaka wa ramani. Daftari moja lilibaki shuleni, la pili likapelekwa kwa wazee waliohojiwa. Mmoja wao alilisoma, akakopa kalamu, akasahihisha jina la kijito.